Tuendelee Tulipoishia

"Kwa hiyo una pengo," Bibi alisema.

"Ndivyo walivyoniambia, mama. Kazi yangu ina pengo katikati."

"Mimi ninalo hapa mbele, na sijawahi kunyimwa nyama."

Siku nyingine wangecheka. Siku hiyo mkwewe aliiweka simu juu ya meza ya kupigia pasi, akautazama ukuta kana kwamba ukuta ndio uliomjibu vibaya. Alikuwa mwanasheria, na mtaa mzima ulimwita Wakili, hata wale waliomdai. Mumewe alikuwa fundi cherehani, lakini si wa kushona kila kinacholetwa mlangoni. Alishona majoho. Majaji, mahakimu, wasajili na mawakili walipita katika chumba chake cha mbele, wakanyoosha mikono, wakapimwa. Vitambaa vyeusi vilijaa humo kiasi kwamba mgeni akifika mara ya kwanza alishusha sauti na kuuliza nani amefariki.

"Hebu nieleze taratibu," Fundi alisema, mguu ukiwa bado kwenye pedali. "Si uliniambia una miaka zaidi ya mitatu ya uwakili?"

"Ninayo. Ila kanuni ya Tume inayoajiri mahakimu inataka mitatu mfululizo. Mimi nilifanya kazi, nikalazwa na mimba ya hawa, nikazaa, nikarudi. Miezi minane sikuwa kazini. Sasa wanahesabu kuanzia niliporudi. Ile miaka ya kwanza wameifuta kama chaki."

Hawa aliowataja walikuwa chini ya meza, mapacha wa karibu mwaka mmoja, kila mmoja akitafuna upande wake wa tepu ya kupimia.

"Na yule mwenzako uliyekaa naye dawati moja chuoni? Si alikwenda kusoma ng'ambo mwaka mzima?"

"Ameitwa kwenye usaili. Kanuni inasema masomo si kukatiza kazi."

Bibi aliinama, akamnyang'anya pacha mmoja tepu, akampa mwiko. "Ungewaambia na wewe ulikuwa masomoni. Watoto wawili kwa mpigo si masomo? Mimi nilizaa mmoja tu, huyu hapa anayeshona, na mpaka leo sijahitimu."

"Mama!"

"Nasema kweli. Darasa lako lilikuwa gumu."

Wakili hakuwa akisikiliza. Tangu utoto alitaka kitu kimoja, kukaa kwenye kile kiti cha mbele na kuwasikiliza watu hadi mwisho, kwa sababu alimwona baba yake akikatizwa katikati ya sentensi na hakimu aliyekuwa na haraka ya kwenda kula. Ofisi aliyofanyia kazi ilikuwa na mawakili wawili na kiti kimoja kizima. Uhakimu ndio uliokuwa safari, na safari imezuiwa mlangoni na neno moja.

"Nakwenda mahakamani," alisema.

Mguu wa Fundi ukasimama. Cherehani nayo ikanyamaza, na nyumba ile ilipokosa sauti ya cherehani watu walijua kuna jambo.

"Mahakama gani?"

"Kwani ziko ngapi?"

"Nauliza kama ni zile ninazozishonea."

"Ni hizohizo, Baba Pacha."

* * *

Kesi ilipofunguliwa, wa kwanza kuja kuisemea hakuja kuisemea. Alikuja kupimwa. Naibu Msajili wa mahakama, ambaye pia alisimamia usaili wa Tume, alikuwa mtu mnene, mpole, mwenye manukato yaliyofika kabla yake. Alikuwa amemwachia Fundi marobota ya kitambaa kwa ajili ya majoho ya mahakimu wapya watakaoapishwa, kazi kubwa kuliko zote alizowahi kupata, na leo alikuja kujaribu joho lake mwenyewe.

Fundi alimpandisha kwenye kile kiti kifupi, akajaza pini mdomoni, akapiga magoti kwenye pindo. Mwenye pini mdomoni hajibu maswali, na wateja wote wanajua hivyo. Fundi alikuwa ameshaepuka mazungumzo mengi mabaya kwa njia hiyo.

"Mkeo hajambo?"

"Mm."

"Nasikia ametushitaki."

"Mm."

"Mimi sina neno. Ni haki yake. Ila unajua, Fundi, kwetu pale watu wana masikio. Wanauliza, huyu anayetushonea si ndiye mume wa yule anayetuchana?" Akacheka kidogo, tumbo likatikisika, pini moja ikamchoma. "Aa! Polepole, ndugu yangu."

"Mm," Fundi alisema, safari hii kwa moyo mweupe kabisa.

Naibu Msajili alijitazama kwenye kioo, akajigeuza upande. "Usaili uko karibu. Na mimi si mtu mbaya. Mwambie aiondoe ile kesi. Akiiondoa, jina lake litaingizwa. Kimyakimya. Nani atajua? Atakaa mbele ya jopo kama wenzake, na akili anazo, atapita. Wewe utamaliza kazi yako, na mojawapo ya majoho haya utamvalisha mwenyewe. Kuna ubaya hapo?"

Fundi alitoa pini moja tu, ya pembeni, akapata nafasi ya maneno machache.

"Nitamwambia."

"Mwambie vizuri. Nyinyi mafundi mna ulimi laini." Akashuka kwenye kiti, akaacha harufu yake ikimalizia mazungumzo.

Nyuma ya pazia, Bibi alikuwa amesikia kila neno, maana alikuwa amekaa pale kwa ajili hiyo tu, na sufuria tupu magotini kama kisingizio.

* * *

Jioni walikuwa wakiwaogesha watoto katika beseni moja. Ilikuwa kazi ya watu watatu: mmoja wa kushika, mmoja wa kusugua, mmoja wa kumzuia aliyeoshwa asirudi majini. Fundi alichagua wakati huo kwa sababu mkewe alikuwa na sabuni mikononi na asingeweza kuondoka.

Alimweleza yote. Alieleza vizuri, bila kuongeza wala kupunguza, kisha akasubiri.

"Kimyakimya," Wakili alisema.

"Ndiyo neno alilotumia."

"Na wewe unasemaje?"

"Mimi nasema unataka kuwa hakimu, na mtu amekuja mpaka nyumbani kukwambia uingie. Mimi nasema kile kitambaa kikiondoka pale mbele, tutakula pini. Nasema hivyo tu."

"Mama, na wewe?"

Bibi alimfunika pacha wake taulo kichwani, akampapasa nywele. "Mimi naona kuingia ni kuingia. Ukishakaa kwenye kiti, nani atauliza ulipitia dirisha gani? Hata mimi kwenye nyumba hii nililetwa kukaa wiki moja."

Wakili alicheka bila kupenda. Kisha akaacha kusugua.

"Sikilizeni. Niko nje kwa sababu nilizaa. Wakiniingiza kimyakimya, nitakuwa ndani kwa sababu mume wangu anamshonea Naibu Msajili. Kesho analetwa mbele yangu mtu aliyeonewa, ananitazama machoni, ananiomba haki. Nitamwambia nini? Kwamba mimi yangu niliipata kwa fundi nguo?"

"Si lazima umwambie," Bibi alisema.

"Mimi nitakuwa najua. Na yule aliyeniingiza atakuwa anajua. Siku akitaka kesi fulani iende upande fulani, hatahitaji hata kupiga simu. Atakohoa tu."

Fundi alimtazama mkewe, povu likiwa limemrukia mpaka kwenye nyusi. Alikuwa amemwona akibishana na watu wengi, na siku zote alipenda kumtazama, mradi anayebishana naye asiwe yeye.

"Na tukishindwa?"

"Hatushindwi."

"Umejuaje?"

"Nimesoma kanuni yao. Wewe ukipewa nguo iliyokatwa vibaya unajuaje?"

Fundi alimpokea pacha wa pili, akamfuta masikio kwa uangalifu mkubwa kuliko ilivyohitajika, akamkabidhi kwa mamaye, akatoka kwenda chumba cha mbele. Wakili alidhani amekasirika. Kumbe alikwenda kufungua kipande cha kitambaa chake mwenyewe, kile kizuri alichokificha miaka kwa ajili ya mteja atakayekistahili. Akachukua chaki, akaanza kukata bila kupima. Mabega yale aliyajua.

Naibu Msajili aliporudi kuchukua joho lake, Fundi alimpokea mlangoni, na mdomoni mwake hamkuwa na pini hata moja.

"Umemwambia?"

"Nimemwambia, mheshimiwa. Amekataa."

"Na wewe, mwanamume wa nyumba?"

"Mimi ndiye ninayemshonea joho la kwenda nalo."

Naibu Msajili alitabasamu kwa huzuni, kama mtu anayemwaga chai nzuri kwa sababu imepoa, akamwita dereva wake. Marobota yalitolewa moja baada ya jingine mbele ya macho ya majirani waliojifanya wanafagia. Jirani mmoja alifagia mahali pamoja mpaka udongo ukaanza kutoa mawe.

"Mmehama?" aliuliza.

"Ni vitambaa tu vinahama," Bibi alimjibu. "Sisi tupo. Endelea kuchimba, labda utapata maji."

* * *

Siku ya kusikilizwa walikwenda wote watano. Wakili alivaa joho jipya, na kwa kweli lilimkaa. Lilianguka toka begani mpaka kifundoni bila kukunjamana hata mahali pamoja, na Fundi alitembea nyuma yake hatua kadhaa ili alitazame vizuri. Watoto hawaruhusiwi ndani, hivyo Bibi alibaki kwenye korido na mapacha na mkoba wao. Fundi alikaa benchi la mwisho.

Jaji alikuwa mzee mkavu aliyesifika kwa kutocheka tangu alipoapishwa. Aliingia, watu wakasimama, wakakaa. Alivaa miwani, akamtazama Wakili kwa muda.

"Leo umekuja kama nani?"

"Mimi ndiye mwombaji, Mheshimiwa Jaji. Na ninajitetea mwenyewe."

"Basi umekuja kama mwombaji. Joho ni la anayemsemea mwingine. Anayejisemea mwenyewe anasimama mbele yangu kama raia wote. Livue."

Kosa hilo asingelifanya wakili mwingine yeyote, na yeye mwenyewe utaratibu ule aliujua fika. Lakini nyumbani kwao joho lilikuwa limeshonwa kwa kitambaa kilichofichwa miaka, na mama mkwe alikuwa amelipiga pasi mara mbili, na mume alikuwa amemfunga ukosi kwa mikono yake asubuhi, na katika furaha hiyo yote hakuna aliyekumbuka sheria, hata mwanasheria.

Alilivua. Na hapo Fundi, kwenye benchi la mwisho, alitamani sakafu immeze. Chini ya joho lile la kifahari mkewe alikuwa amevaa blauzi ya kila siku, rangi imepauka, kifungo cha tatu hakipo, mahali pake pamebanwa pini. Pini yake. Wiki ngapi amemwambia "nitakushonea kesho"? Vijana wa uwakili kwenye benchi la mbele waliinamisha vichwa, mabega yakawachezacheza. Mmoja alinong'ona, "Na mumewe ni fundi!" Mwenzake akaziba mdomo kwa faili.

Wakili alilikunja joho, akaliweka kitini. Masikio yalikuwa yakimwaka moto, lakini sauti haikutetemeka.

"Niko tayari, Mheshimiwa."

Aliyesimama upande wa Tume alikuwa kijana mrefu mwenye viatu vilivyong'aa kuliko hoja zake. Alisema kanuni imetungwa kihalali. Alisema hakimu anahitaji uzoefu usiokatika, maana sheria hubadilika kila siku, na anayekaa nje hubaki nyuma. Alisema kanuni haikumtaja mwanamke popote.

"Haina macho, Mheshimiwa Jaji. Haimwoni mwanamume wala mwanamke. Inawatazama wote sawa."

"Haina macho," Wakili alisema ilipofika zamu yake, "lakini miguu yake inajua pa kukanyaga. Tume imewakata waombaji wengi kwa neno hili, mfululizo. Niliwauliza kwa maandishi, kati yao mwanamume ni yupi. Hawajanijibu. Namwuliza mwenzangu sasa, mbele ya mahakama: yuko hata mmoja?"

Kijana alifungua faili, akaligeuza, akalifunga. "Sina maelekezo juu ya hilo."

"Aliyekwenda kusoma mwaka mzima hakukatiza kazi, kwa kanuni yao wenyewe. Huko alikokuwa, sheria za hapa zilibadilika bila yeye. Mimi nilikuwa kitandani, nasoma hukumu zilipokuwa zikitoka, tumbo ndilo lililokuwa meza. Yeye anahesabiwa. Mimi nimefutwa."

Alikuwa anakolea. Jaji alikuwa anaandika. Na hapo ndipo kilio kilipoanza kwenye korido, kwanza kimoja, kisha cha pili kikajibu kwa sauti ya juu zaidi, kama mashahidi wawili wanaoshindana. Wakili aliendelea sentensi moja, mbili. Mwili wake haukusubiri amalize. Alihisi joto kifuani, akatazama chini, akaona blauzi ile iliyopauka ikilowa pande zote mbili, duara juu ya duara, mbele ya Jaji, mbele ya Tume, mbele ya wale vijana.

Alinyanyua faili akajikinga nalo. Kisha akalishusha, akaliweka mezani.

"Mheshimiwa Jaji, nina ombi dogo. Watoto wangu wako kwenye korido."

"Nawasikia. Jengo zima linawasikia."

"Naomba muda nikawanyonyeshe."

Kijana wa Tume alikuwa ameshasimama. "Tunapinga, Mheshimiwa! Shauri limeshaanza kusikilizwa. Si desturi kulikatiza."

"Unapinga watoto kula?"

"Hapana, Mheshimiwa. Napinga kukatiza."

"Nimekusikia," Jaji alisema, akavua miwani. "Mahakama itapumzika kidogo."

Kwenye korido Bibi alikuwa amekaa katikati ya vilio viwili, mtulivu kama mtu anayesubiri basi.

"Nimewaimbia, wamenizomea."

"Chupa ya maziwa iko wapi, mama? Si nilikupa?"

"Chupa? Nadhani imebaki nyumbani."

"Nadhani?"

"Mwanangu, mimi ni mzee. Nyonyesha, watu wanasubiri."

Wakili alikaa, akamweka mmoja huku na mwingine huku, korido ikanyamaza. Chupa ilikuwa chini kabisa ya mkoba, imefungwa ndani ya nepi mbili, na bado ilikuwa na joto. Bibi alisogeza mkoba kidogo kwa mguu, ukaingia chini ya benchi.

Waliporudi ndani, Wakili hakujikinga na kitu. Watu walisimama, wakakaa. Jaji alifungua kitabu chake pale kalamu ilipokuwa imelala.

"Tuendelee tulipoishia."

Wakili alinyanyuka, akasubiri mpaka Jaji akainua uso.

"Mwombaji?"

"Mheshimiwa Jaji, umesema tuendelee tulipoishia."

"Nimesema."

"Hukusema tuanze upya. Hukufuta niliyoyasema kabla ya mapumziko. Yale uliyoyaandika kwenye kitabu chako asubuhi bado yapo, na kesi ni ileile, ingawa nilitoka nikanyonyesha. Mimi ninaomba Tume initendee kama mahakama hii ilivyonitendea sasa hivi. Nilifanya kazi, nikatoka kwa ajili ya watoto hawahawa, nikarudi. Nataka tuendelee tulipoishia. Sina ombi lingine."

Akakaa.

Jaji aliandika muda mrefu. Kisha akamgeukia kijana wa Tume. "Una jibu?"

"Mheshimiwa... mapumziko ya mahakama hutegemea busara ya Jaji."

"Na kuzaa hutegemea busara ya nani?"

Vijana wa benchi la mbele walilipuka. Karani akapiga meza. Jaji hakucheka, sifa yake ilibaki palepale, ila joho lilimtikisika mabegani mara mbili, na Fundi, aliyeyapima mabega yale mara nyingi yakiwa yametulia, alielewa.

* * *

Uamuzi ulisomwa kabla ya siku ya usaili. Ulikuwa mrefu, na Bibi aliomba atafsiriwe.

"Wamesema nini?"

"Wamesema likizo ya uzazi si pengo. Muda wa kabla na wa baada unaungana."

"Karatasi zote zile kwa hilo tu? Wangeniuliza."

Lakini kulikuwa na sehemu ya pili. Jaji hakuamuru Wakili peke yake aitwe. Aliamuru Tume isimamishe usaili, itangaze upya, na imwite kila aliyekatwa kwa neno lile. Fundi aliposikia, alikuna kichwa.

"Kila mmoja?"

"Kila mmoja."

"Sasa nafasi zimeongezeka?"

"Nafasi ni zilezile."

"Mama Pacha, yaani umekwenda kupigana ili watu waje wakunyang'anye?"

"Wangekuwa wanainyang'anya kama ingekuwa yangu."

Kitambaa hakikurudi. Fundi alianza kushona sare za shule, bluu na njano na kijani, na jirani mwenye ufagio alipochungulia alisema hatimaye matanga yamekwisha. Kipato kilipungua, wakahama chumba kimoja wakabanana kwenye viwili vilivyobaki, na Bibi akalala na mapacha huku akitangaza kwamba wanakoroma kama babu yao. Lakini kabla ya sare ya kwanza, Fundi alikaa kwenye cherehani akashona blauzi moja nyeupe, vifungo saba, kila kimoja kikashonwa kwa uzi uliorudiwa mara nne.

* * *

Siku ya usaili Wakili alifika mapema akidhani atakuwa wa kwanza. Korido ya Tume ilikuwa imejaa.

Walikuwa wamekaa kwenye viti, kwenye kingo za madirisha, kwenye ngazi. Wanawake. Mmoja alikuwa na mtoto mgongoni na kitabu cha sheria ya ushahidi mkononi. Mmoja alikuwa na tumbo kubwa hivi kwamba alipopita watu waliondoa miguu bila kuombwa. Wengine walikuwa watu wazima kuliko yeye, wenye macho ya waliokwisha kusimama mbele ya mahakimu wagumu. Wanaume nao walikuwepo, wachache, wamebanwa kwenye kona wakishangaa.

Naibu Msajili alitoka na orodha ya majina. Alimwona Wakili, akasimama.

"Unaona ulichotuletea?"

"Naona, mheshimiwa. Viti havitoshi."

Alitikisa kichwa, akarudi ndani. Wakili alimpisha yule mjamzito nafasi pekee iliyokuwa imebaki, akaegemea ukuta. Kando yake alikuwa dada mmoja mwembamba, karatasi mkononi, midomo ikichezacheza kama anayekariri. Alimgeukia.

"Samahani, dada. Wewe umeisoma hii kesi?"

"Kesi gani?"

"Hii ya juzi, iliyotuleta hapa. Wanasema jopo lazima litaiuliza. Mwanzo nimeuelewa, lakini hapa kwenye mantiki ya Jaji napotea. Inakuwaje kanuni isiyomtaja mwanamke iwe imembagua?"

Wakili aliitazama ile karatasi. Jina lake lilikuwa juu kabisa, kwa herufi kubwa. Akamtazama yule dada: viatu vimeshonwa upya ubavuni, kwapani jasho la woga. Alikuwa mtu mwenye akili, ilionekana. Akielewa hoja ile moja, angekuwa mpinzani wa hatari.

"Sogea," Wakili alisema. "Nitakueleza. Anza hapa, aya ya katikati. Usitazame kanuni inasema nini. Tazama ilimwangukia nani."

Alimweleza hatua kwa hatua. Alimweleza lile swali lililoulizwa Tume likakosa jibu, na kwa nini kukosa jibu kulikuwa jibu. Alimpa na ile hoja ngumu ambayo Jaji hakuiandika lakini ilikuwemo, na akamsubiri airudie kwa maneno yake mwenyewe mpaka ikakaa. Uso wa yule dada ulifunguka.

"Kumbe! Aisee, umenisaidia sana. Umeijuaje hivi?"

"Niliifuatilia."

Mlango ukafunguliwa. Naibu Msajili akaita jina la kwanza, na yule dada akaruka kama aliyechomwa. Alijipangusa viganja kwenye sketi, akamshika Wakili mkono.

"Niombee."

"Ongea polepole. Usiruke aya ya katikati."

Dada aliingia, mlango ukafungwa. Wakili aliisikia sauti yake ikianza kwa kutetemeka, kisha ikatulia, na baadaye ndani mtu mmoja wa jopo akasema "vizuri sana" kwa sauti iliyofika mpaka ukutani. Yule mjamzito alimtazama Wakili kwa huruma.

"Wewe nawe! Umempa silaha zako zote. Sasa wakikuuliza hilohilo utasema nini?"

Wakili alinyoosha ukosi wa blauzi yake nyeupe, akajiegemeza vizuri ukutani.

"Waniulize tu," alisema. "Mimi ninayo na sehemu ambayo sijamwambia mtu."

"Ipi hiyo?"

"Sogea nikwambie. Zamu yako ni ya pili."